Kuhama kwa Michezo ya Kompyuta Kutoka Kiolesura Kimoja Hadi Kingine: Historia na Istilahi Zake

Utangulizi

Miongoni mwa maswali tunayoletewa na wafasiri yako machache ambayo, yakitazamwa juu juu, huonekana kuwa ni ya neno moja tu, kumbe nyuma yake pana historia nzima. Swali la aina hiyo tuliletewa na mfasiri mmoja aliyekuwa amefasiri ukurasa wa marekebisho wa mchezo wa kompyuta. Mchezo huo ulimpa mchezaji hiari ya kuchagua njia ya kuchorea picha: ama Direct3D 11, ama Direct3D 12. Mfasiri, kwa kuwa aliona tarakimu mbili zinazofuatana, aliandika "toleo la zamani" na "toleo jipya". Tafsiri ikapitishwa na ikatumika. Haukupita muda mrefu, malalamiko yakaanza kuja. Watu wenye kompyuta za siku nyingi walichagua "toleo jipya", kama ambavyo mtu yeyote mwenye busara angalifanya, na mchezo ukawa mzito kuliko ulivyokuwa, au ukakataa kabisa kufunguka. Mfasiri alitaka kujua kosa lake lilikuwa wapi.

Jibu letu lilikuwa kwamba kosa hilo halikuwa la sarufi wala la msamiati, bali lilikuwa la historia. Neno "toleo" humwambia msomaji kwamba kitu ni kile kile, ila kimerekebishwa; na kwamba aliye na jipya hana haja tena ya la zamani. Sivyo mambo yalivyo katika suala hili. Kwa hiyo tumeona inafaa tuieleze historia hiyo kwa kirefu kidogo, maana walimu wanaofundisha masomo ya kompyuta, na watumishi wa serikali wanaoandika miongozo ya matumizi ya mitambo, hukutana na tatizo hilo hilo kwa sura nyingine.

Kiolesura ni kitu gani

Programu ya mchezo haisemi moja kwa moja na kadi ya michoro. Kadi hizo hutengenezwa na makampuni mbalimbali, na kila kampuni ina namna yake ya kuzipanga amri ndani ya mtambo wake. Laiti kila mwandishi wa mchezo angalilazimika kuijua kila kadi iliyoko madukani, pasingekuwa na mchezo ambao ungemalizika kuandikwa. Kwa sababu hiyo huwekwa katikati orodha ya amri zilizokubaliwa na pande zote mbili. Mchezo hutoa amri kwa mujibu wa orodha hiyo, nayo programu maalumu iliyoandikwa na mtengenezaji wa kadi huzipokea, huzikagua na kuzigeuza ziwe lugha ya kadi yenyewe. Orodha hiyo ya makubaliano ndiyo tunayoiita kiolesura cha programu. Na programu hiyo ya mtengenezaji ndiyo kiendeshi. Tunasisitiza "kiendeshi", wala si "dereva", kwa kuwa ngeli ya KI-VI yatosha kuonyesha kwamba tunazungumzia chombo, na kwamba hapana mtu aliyeshika usukani.

Kazi hii yote hufanyika kwa haraka isiyo ya kawaida. Mchezo unaoonyesha picha 60 kwa sekunde moja una milisekunde 16.7 tu za kuiandaa kila picha. Ndani ya muda huo amri za kuchora zaweza kufikia maelfu. Kwa hiyo, muda wowote unaopotea katika kiolesura na katika kiendeshi ni muda ulioibwa kutoka kwenye picha. Hiki ndicho kiini cha habari yetu.

Miaka ya mwanzo: lahaja tatu

Mwaka 1992 kampuni ya Silicon Graphics ya Marekani ilitoa kiolesura kilichoitwa OpenGL. Asili yake ilikuwa IRIS GL, kiolesura cha kampuni hiyo yenyewe, kilichotumika katika mitambo yake ya gharama kubwa. OpenGL ilikusudiwa kuwa ya wote, na usimamizi wake ukawekwa chini ya baraza la makampuni kadhaa. Wakati huo hapana aliyefikiri kwamba ingekuja kuhusika na michezo ya nyumbani.

Mnamo mwaka 1995 Microsoft ilitoa Windows 95, na mwaka huo huo ikatoa DirectX, mkusanyiko wa violesura kwa ajili ya michezo. Sehemu yake inayohusika na michoro yenye kina, yaani Direct3D, ilitoka mwaka 1996. Mwaka huo huo wa 1996 kampuni ya 3dfx iliingiza sokoni kadi yake ya Voodoo Graphics, ikiwa na kiolesura chake yenyewe kilichoitwa Glide. Hivyo katika muda mfupi palikuwa na lahaja tatu zikigombea nafasi moja.

Mfano mashuhuri wa kuhama katika siku hizo ni mchezo wa Quake wa kampuni ya id Software, uliotoka mwaka 1996. Hapo mwanzo Quake ilichora picha zake zote kwa nguvu ya prosesa kuu ya kompyuta, bila ya kutegemea kadi maalumu. Mwanzoni mwa mwaka 1997 kampuni hiyo ilitoa GLQuake, ambayo ilitumia OpenGL. Waliokuwa na kadi ya Voodoo waliuona mchezo ule ule ukienda kwa wepesi zaidi na picha zake zikiwa laini. John Carmack, mwandishi mkuu wa programu wa kampuni hiyo, alikwisha kutangaza hadharani mwishoni mwa mwaka 1996 kwamba aliiona Direct3D ya wakati huo kuwa ni nzito kuandikia na kwamba yeye alichagua OpenGL. Tamko hilo lilizusha mjadala mkubwa, kwa kuwa lilionyesha kwamba uchaguzi wa kiolesura si suala la ufundi peke yake, bali pia ni suala la nani atakayeshika ufunguo wa mlango.

Glide nayo ilikuwa nyepesi na rahisi, na waandishi wengi wa michezo waliipenda. Lakini ilikuwa na dosari moja ambayo haikuwa ya kiufundi: ilifanya kazi katika kadi za 3dfx tu. Kampuni hiyo ilipoanguka, na mali zake nyingi kununuliwa na NVIDIA kuanzia mwishoni mwa mwaka 2000, michezo iliyoitegemea Glide ilibaki yatima. Wenye michezo hiyo walikuwa wameinunua kwa fedha zao, na diski walikuwa nazo mikononi, lakini uzuri wa picha ulikwenda pamoja na kampuni.

Wasomaji wetu wanaoikumbuka historia ya usanifishaji wa Kiswahili, tangu mkutano wa Mombasa wa mwaka 1928 ulioichagua lahaja ya Kiunguja kuwa msingi, wataelewa kwa urahisi jambo lililotukia. Penye lahaja nyingi hutafutwa moja ya kuandikia, na inayochaguliwa si lazima iwe tamu kuliko nyingine. Tofauti ni kwamba lahaja isiyochaguliwa huendelea kuishi vinywani mwa wenyewe, ilhali kiolesura kisicho na mtengenezaji hufa pamoja na kila kilichoandikwa kwacho, isipokuwa atokee mtu wa kukifasiri.

Uzito wa kiendeshi

Baada ya hapo Direct3D ilitawala katika kompyuta za Windows. Direct3D 9 ilitoka mwishoni mwa mwaka 2002, na ilidumu kwa miaka mingi kuliko ilivyotarajiwa. Sababu yake yafaa izingatiwe. Direct3D 10 ilitolewa pamoja na Windows Vista, na haikupatikana kwa wenye Windows XP. Kwa kuwa watu wengi walibaki na XP, waandishi wa michezo nao walibaki na Direct3D 9. Maana hapana mfanyabiashara anayependa kuufunga mlango ambao wateja wake wanaupitia. Direct3D 11 ilipokuja pamoja na Windows 7 mwaka 2009, ndipo wengi walipoanza kuhama kwa dhati.

Wakati huo huo palikuwa na badiliko jingine katika maunzi. Kuanzia mwaka 2005 prosesa za kompyuta za nyumbani zilianza kuuzwa zikiwa na viini viwili, na baadaye vinne na zaidi. Kazi ambayo hapo kwanza ilifanywa na mtu mmoja, sasa ingeweza kugawiwa watu wanne. Lakini violesura vya wakati huo vilibuniwa kabla ya badiliko hilo. Amri za kuchora zilipangwa katika uzi mmoja wa kazi, nacho kiendeshi kilizikagua moja baada ya nyingine: je, amri hii ni sahihi? Je, kumbukumbu inayotajwa ipo? Je, kadi imekwisha maliza kuitumia? Hali ilikuwa kama ile ya ofisi yenye makarani wanne na dirisha moja tu. Foleni inafika nje, huku makarani watatu wamekaa.

Jambo hili liliwaudhi zaidi waandishi waliokuwa wakiandikia pia mitambo ya michezo ya kuunganishwa na televisheni. Huko, kwa kuwa maunzi ya mtambo ni ya aina moja, waliruhusiwa kuyakaribia zaidi, na waliweza kutoa amri nyingi za kuchora kwa gharama ndogo. Walijiuliza, na swali lao lilikuwa la haki: iweje kompyuta yenye nguvu zaidi ishindwe na mtambo dhaifu katika kazi hii moja?

Mageuzi ya miaka ya 2013 hadi 2016

Mwaka 2013 kampuni ya AMD ilitangaza kiolesura kipya kilichoitwa Mantle, baada ya kushirikiana na waandishi wa michezo wa DICE wa Sweden. Mchezo wao wa Battlefield 4 ulianza kukitumia mapema mwaka 2014. Wazo lake lilikuwa kwamba kiendeshi kipunguziwe kazi, na mwandishi wa mchezo aongezewe. Mwandishi mwenyewe ndiye atakayegawa kumbukumbu; yeye ndiye atakayesema ni lini kazi moja iisubiri nyingine; na nyuzi kadhaa za kazi zitaweza kuandaa amri kwa wakati mmoja, kila moja katika kiini chake. Makarani wote wanne wakapewa madirisha.

Hata hivyo Mantle ilikuwa na dosari ile ile ya Glide, kwani ilihusu kadi za kampuni moja. Safari hii historia haikujirudia. AMD ililikabidhi wazo hilo kwa shirika la Khronos, linalosimamia OpenGL tangu mwaka 2006, na kutokana na msingi huo kikatoka kiolesura cha Vulkan, tarehe 16 Februari 2016. Vulkan ni ya wote, na hutumika katika Windows, katika Linux, na katika simu za Android. Apple ilikwisha kutangaza kiolesura chake cha Metal mwaka 2014, na Microsoft ilitoa Direct3D 12 pamoja na Windows 10 mwezi Julai 2015. Mantle yenyewe iliachwa, lakini mbegu yake ilikwisha kuota.

Je, kuhama kulileta faida?

Siku ile ile Vulkan ilipotoka, mchezo wa The Talos Principle wa kampuni ya Croteam ya Kroatia ulikuwa tayari kuutumia. Matokeo yaliwashangaza wengi: mchezo ulikwenda polepole kuliko ulivyokwenda kwa Direct3D 11. Sababu si ngumu kuielewa. Kiendeshi cha Direct3D 11 kilikuwa kimenolewa kwa miaka mingi na wataalamu wa makampuni ya kadi, hali ya kuwa sehemu ya kazi hiyo sasa ilikuwa imewaangukia waandishi wa mchezo, nao ndio kwanza walikuwa wanajifunza.

Miezi mitano baadaye ulikuja mfano wa upande wa pili. Mchezo wa Doom, uliotoka mwezi Mei 2016 ukitumia OpenGL, uliongezewa Vulkan mwezi Julai mwaka huo huo. Faida ilikuwa kubwa na ilionekana wazi, hasa kwa wenye kadi za AMD, ambazo kiendeshi chake cha OpenGL kilikuwa dhaifu. Wenye kadi nyingine nao walifaidika, lakini si kwa kiasi kile. Kwa hiyo mchezo mmoja na kiolesura kimoja vilitoa majibu mawili, kwa kutegemea kadi ya mchezaji.

Mfano wa tatu ni wa World of Warcraft, mchezo ulioanza mwaka 2004 na ambao bado ulikuwa na wachezaji wengi ulipoanza kuhamia Direct3D 12 mwaka 2018. Wachezaji wengi walikuwa bado wanatumia Windows 7, ambayo haikuwa na Direct3D 12. Mwezi Machi 2019 Microsoft ilitangaza kwamba imeipeleka Direct3D 12 katika Windows 7 kwa ajili ya mchezo huo, ijapokuwa muda wa kuihudumia Windows 7 ulikuwa unakaribia kwisha, na kwa kweli ulikwisha mwezi Januari 2020. Hapa tunajifunza kwamba kuhama vizuri ni kuhama pamoja na walio nyuma, pale inapowezekana.

Kutokana na mifano hii mitatu ni dhahiri kwamba kiolesura kipya hakimpi mtu kasi. Kinampa nafasi ya kuitafuta kasi. Nafasi hiyo huzaa matunda iwapo prosesa ndiyo iliyokuwa kikwazo, iwapo viini ni vingi, na iwapo mwandishi wa mchezo ameifanya kazi aliyoachiwa. Ikiwa kikwazo ni kadi yenyewe kuwa dhaifu, foleni ya amri haikuwa shida tangu mwanzo, na kuongeza madirisha hakutaleta nafuu.

Kazi ya ufasiri

Wafasiri wenzetu watapendezwa kusikia kwamba katika historia hii yumo pia mfasiri, ingawa si mtu. Michezo ya Glide ilipobaki yatima, walitokea wapenzi waliotunga programu za kuzipokea amri za Glide na kuzigeuza ziwe za Direct3D au OpenGL, na michezo hiyo ikafufuka. Miaka mingi baadaye ilitungwa programu ya DXVK, ambayo huzigeuza amri za Direct3D za zamani ziwe za Vulkan. Mwaka 2018 kampuni ya Valve iliitia ndani ya mkusanyiko wake uitwao Proton, na kwa njia hiyo maelfu ya michezo iliyoandikwa kwa ajili ya Windows huchezwa katika Linux pasipo mwandishi wake kubadili hata mstari mmoja.

Kwa kawaida ufasiri hugharimu muda. Lakini imeonekana kwamba baadhi ya michezo ya Direct3D 9 huenda vizuri zaidi katika kompyuta za leo ikipitia kwa programu hiyo kuliko ikisema yenyewe, kwa kuwa mfasiri amekuja baadaye na anaijua vyema lugha anayofasiria. Mwaka 2022 Intel ilipoingiza sokoni kadi zake za Arc, haikuandika kabisa kiendeshi cha Direct3D 9, bali ilitegemea ufasiri. Mwanzoni michezo mingi ya zamani ilikwenda kwa shida. Baadaye, njia ya kufasiri ilipoboreshwa, hali ikawa nzuri zaidi. Ubora wa mfasiri ndio uliopima thamani ya kadi.

Istilahi zinazohusika

Baada ya maelezo hayo twaweza sasa kuyatazama maneno yenyewe.

Kwanza, wataalamu huvigawa violesura katika aina mbili kwa kutumia picha ya juu na chini: vya zamani ni vya "juu", na vipya, kama Vulkan, ni vya "chini", kwa maana kwamba viko jirani na maunzi. Tumekwisha kuona maandishi yanayosema "kiolesura cha kiwango cha chini". Hatuna budi kulikemea jambo hili. Katika Kiswahili kitu cha kiwango cha chini ni kitu hafifu: bidhaa mbovu, elimu duni, barabara isiyofaa. Msomaji ataambiwa kwamba Vulkan ni ya kiwango cha chini, kisha ataambiwa kwamba ina kasi kubwa, naye atadhani kwamba mwandishi amechanganyikiwa. Tunapendekeza "kiolesura cha karibu" na "kiolesura cha mbali", yaani karibu au mbali na maunzi. Picha ya ukaribu inasema kweli, tena haimtukani mtu.

Pili, ziko programu ndogo zinazokwenda katika kadi kukokotoa rangi na mwanga wa kila nukta. Jina lao la kigeni lilitokana na kutia kivuli, na wapo wanaopenda kulitohoa liwe "shada". Lakini shada tunalo tayari, nalo ni la maua. Neno "kivuli" nalo halifai, maana siku hizi programu hizo hufanya mengi yasiyohusiana na kivuli. Kwa kuwa lugha ina kitenzi kizuri cha "kusawiri", kinachojulikana na kila mwalimu wa fasihi, tunapendekeza "programu ya usawiri".

Tatu, programu inayogeuza amri za kiolesura kimoja ziwe za kingine tungependa iitwe "kifasiri", kwa ngeli ya KI-VI, ili "mfasiri" abaki kuwa mtu.

Nne, kitendo chenyewe kiitwe "kuhamia", wala si "kuboresha". Mtu anayehama anaweza kupata nyumba nzuri au mbaya. Na kabla ya kuhama huuliza kwanza habari za nyumba anayokwenda. Neno "kuboresha" hulifunga swali hilo kabla halijaulizwa.

Hitimisho

Mfasiri wetu tulimshauri aviache violesura kwa majina yake, Direct3D 11 na Direct3D 12, na aongeze chini yake sentensi mbili: "Chagua Direct3D 12 ikiwa kadi yako na mfumo wako vinaikubali. Mchezo ukisitasita, rudi Direct3D 11." Sentensi hizo si fupi kama "toleo jipya", na huenda zikachukua nafasi katika skrini. Lakini zinamwachia mchezaji uamuzi ulio wake, na hazimpotezi mwenye kompyuta ya zamani, ambaye mara nyingi ndiye asiye na fedha za kununua nyingine.

Istilahi tulizozitaja hapo juu ni mapendekezo. Maneno "kompyuta" na "tarakilishi" yameishi pamoja kwa miaka mingi pande mbili za mpaka, na hapana mtambo uliozimika kwa sababu hiyo. Lakini neno linalomdanganya mtumiaji lina hasara ambayo maneno mawili yenye maana moja hayana. Tunawaomba wafasiri, walimu na watumishi wanaoshughulika na mitambo watuletee maoni yao, hasa wale ambao wamekwisha kuyajaribu maneno haya mbele ya wanafunzi au wateja, ili tujue yapi yameeleweka na yapi yamekwama.